Mtu Mwenye Nembo

Gerezani
12 Machi 2023

Dada Hilda,

Shikamoo. Natumaini barua hii itakukuta salama hapo Majengo, wewe pamoja na baba. Mimi ni mzima, isipokuwa kifua kinanibana asubuhi kwa sababu ya vumbi la useremala. Tangu nihamishiwe huku sijapata mgeni hata mmoja, lakini sikulaumu. Safari ni siku mbili, na nafaka haiwezi kujiuza yenyewe. Msalimie sana baba. Mwambie naiombea miguu yake kila siku. Na barua hii umsomee, maana nataka naye asikie.

Dada, kuna jambo limenitokea. Wiki iliyopita tulipewa kazi ya kuchonga nembo ya Taifa kwenye ubao wa mlango wa ofisi. Mimi nilikuwa na patasi, na pembeni yangu alikaa Mzee Mustapha akipiga msasa. Ni mtu wa Muheza, amezidi miaka sabini. Alisimamisha mkono akaniuliza, "Hii nyinyi vijana mnaiita nembo?"

"Ndiyo, mzee. Kwani wewe unaiitaje?"

"Siku hizi hata mimi naiita hivyo. Lakini nilipokuwa mdogo kwenye mashamba ya mkonge, nembo ilikuwa ya kwenye ngozi. Chale za kabila. Wamakonde walikuwa na zao, Wayao na zao, na watu wa bara na zao. Mnyapara akitaka kujua umetoka wapi hakuulizi. Anakutazama usoni, anasoma nembo yako."

Nilishindwa kuendelea na kazi. Unakumbuka maelezo ya marehemu Bibi Mwajabu, yale aliyoyatoa polisi siku mwanawe Khalidi alipouawa? Mimi nayakumbuka neno kwa neno: "Nilikuwa nachota maji korongoni. Nilimwona mtu mmoja tu akitoka shambani kwa mwanangu, ana fimbo mkononi. Ni yule mwenye nembo, wenyeji wanamjua. Nembo yake iko mbele, juu ya macho." Siku ya tatu bibi wa watu akafa kwa mshtuko. Hakuna aliyemuuliza zaidi.

Mahakamani wakainua kofia yangu, ile ya kiwanda cha kukamulia alizeti nilichokuwa nafanya kazi, yenye ua la njano mbele. "Nembo ndiyo hii." Ni kweli ilikutwa shambani. Ilinidondoka asubuhi nilipokuwa nagombana na Khalidi kwa sababu trekta lake lilipita juu ya kaburi la mama. Kijiji kizima kilisikia nikipiga kelele. Lakini niliondoka, na sikurudi tena pale. Nilikwenda kiwandani nikakuta kumefungwa, hakuna aliyeniona. Wakasema ni kuua bila kukusudia. Miaka kumi na mitano nimepewa kwa ua la njano.

Sasa nakuomba, nenda Kondoa. Mtafute Ikram, binti wa marehemu Khalidi. Nasikia baada ya msiba walirudi huko kwao. Muulize kitu kimoja tu: bibi yake aliposema nembo, alikuwa na maana gani?

Mdogo wako,
Elisha


Majengo, Dodoma
30 Aprili 2023

Mpendwa mdogo wangu Elisha,

Salamu nyingi katika jina la Bwana. Sisi tunaendelea vizuri kiasi. Mvua za mwaka huu zimetuacha njiani. Kule kijijini mtama ulitoa masuke, kisha jua likapiga wiki tatu, ukabaki majani. Watu wa Kongwa wanakuja kununua kwangu mimi, badala ya mimi kununua kwao. Lameck, mtoto wa baba mdogo, ameoa. Walichinja ng'ombe mmoja na maneno yalikuwa mengi kuliko nyama. Kwaya yetu imepata sare mpya.

Baba miguu imevimba hadi magotini. Hospitali wanasema ni moyo. Anakula uji tu, na ugali kidogo kwa mlenda siku akijisikia. Barua yako nilimsomea. Nilipofika kwenye habari za yule mzee wa mkonge akasema amechoka, nimalizie siku nyingine. Sikumalizia. Siku hizi anavaa kofia ya sufu hata akiwa ndani, anaishusha mpaka kwenye nyusi. Nikimwambia joto litakuua, ananiambia nimwache.

Habari ya Kondoa nitaangalia nafasi. Lakini usiyashike sana maneno ya wazee wa gerezani. Watu wakikaa ndani muda mrefu hutunga mambo. Wewe sali, na kifua chako ukifunike asubuhi.

Dada yako,
Hilda


Gerezani
21 Mei 2023

Dada Hilda,

Shikamoo. Barua nimeipata, nashukuru. Mpe Lameck pongezi zangu. Pole kwa mvua.

Nina habari njema. Mchungaji anayetuhudumia huku amenitafutia wakili wa msaada wa kisheria, anaitwa Bi Yasinta. Ni binti mdogo kwa umri, lakini amesoma jalada langu lote mara mbili. Aliniambia, "Elisha, kesi yako yote imening'inia kwenye neno moja." Rufaa itasikilizwa Oktoba. Anataka mtu wa ukoo wa Bibi Mwajabu aape na kueleza lile neno. Kwa hiyo Kondoa sasa si suala la nafasi. Nakuomba kama ninavyoomba maji.

Halafu kuna jambo jingine. Baba hakuwahi kuvaa kofia ndani ya nyumba. Tulipokuwa wadogo alituchapa kwa hilo, akisema nyumba ina heshima yake kama kanisa. Nimelifikiria hilo kwa siku nyingi.

Ulisema polisi kwamba siku ile baba alikuwa na homa, amelala tangu asubuhi, na wewe umekaa naye kitandani muda wote. Nauliza tu. Ni kweli alikuwa na homa?

Barua hizi husomwa na afande kabla hazijatoka, nawe unajua. Mengine nayaacha.

Mdogo wako,
Elisha


Majengo, Dodoma
6 Agosti 2023

Mpendwa Elisha,

Nisamehe kwa kuchelewa. Baba alilazwa wiki mbili mwezi wa sita, nami nikalala naye wodini chini kwenye kanga. Sasa yuko nyumbani. Amepungua sana, ungemwona usingemjua. Shangazi Ruthu alikuja kutoka kijijini na kuku wawili, akakaa siku nne, akaondoka akilia. Wazee wa kanisa wanakuja kila Jumapili kumwimbia. Bado wanamwita mzee kiongozi, ingawa hawezi hata kusimama.

Kondoa nilikwenda mwezi uliopita. Nilipanda basi la asubuhi, nikauliza sokoni na msikitini. Ikram hayupo. Wanasema aliolewa Manyara, na hakuna anayejua ni sehemu gani. Nilizunguka mpaka miguu ikauma, nikarudi. Basi nimetimiza ulichoniomba, Mungu ndiye shahidi.

Mwambie wakili atafute njia nyingine. Pengine watakupunguzia kwa sababu ya tabia njema. Wengi wanapunguziwa.

Baba anakusalimia.

Dada yako,
Hilda


Gerezani
3 Septemba 2023

Dada Hilda,

Bi Yasinta amempata Ikram kwa simu. Tangu warudi hajahama Kondoa. Ana meza ya vitunguu palepale sokoni ulikouliza.

Amemwambia kwamba tarehe kumi na nne Julai alifika kwake mama mmoja wa Dodoma aitwaye Hilda. Akamkaribisha, wakanywa chai. Huyo mama akauliza habari za neno nembo, na Ikram akamweleza yote. Bibi yake aliishi Korogwe kwenye mkonge miaka kumi na tisa pamoja na mumewe. Neno hilo alilitoa huko, na mpaka anakufa kwake lilikuwa na maana moja tu: chale za kabila usoni. Picha za kwenye kofia na fulana aliziita picha. Ikram anasema ulipoaga ulikuwa unalia, akadhani unamlilia baba yake, naye akakushika mkono.

Yuko tayari kuapa. Mtu ambaye baba yake ameuawa, na mimi ndiye niliyefungwa kwa kifo hicho, yuko tayari kuapa. Alimwambia wakili, "Sitaki mtu yeyote, nataka aliyefanya."

Hukunijibu kuhusu homa.

Nani unamlinda? Usiandike jina. Niandikie tu kama yu hai.

Elisha


Majengo, Dodoma
29 Septemba 2023

Elisha mdogo wangu,

Barua hii nimempa mchungaji mkononi, na ameniahidi atakupa wewe mwenyewe. Hakuna afande atakayeisoma.

Hayupo hai tena. Baba amefariki tarehe kumi na saba, Jumapili, saa nne asubuhi, watu wakiwa ibadani. Tulimpeleka kijijini, tukamzika Jumanne. Kanisa lilijaa mpaka watu wakasimama nje madirishani. Niliandika namba ya simu ya gerezani kwenye karatasi ili nikupe taarifa, nikaikunja, nikaiweka. Sikupiga. Nisingeweza kuisikia sauti yako.

Sasa nakuandikia nilichokuficha.

Siku ile ya Novemba nilikuwa nimekuja kijijini kuchukua mahindi. Wewe ulitoka asubuhi kwenda kugombana, ukarudi, ukachukua baiskeli ukaenda kiwandani. Baba alikuwa ameshasikia habari za kaburi. Saa saba akachukua fimbo yake ya kuchungia, akaondoka. Nilidhani anakwenda kutazama. Alirudi baada ya muda si mrefu. Akasimama mlangoni akaniambia, "Bandika maji ya kuoga."

Nikamuuliza, "Baba, umeumia?"

"Sijaumia. Bandika maji. Ukiulizwa, leo nilikuwa na homa."

Nikabandika maji. Fimbo akaisukuma motoni mwenyewe, chini ya sufuria. Nikafua shati lake. Polisi walipokuja nikasema homa.

Walipokukamata wewe nilimfuata zizini, nikamwambia, "Baba, wamemchukua Elisha." Akasema, "Elisha hakufanya kitu. Watamwachia." Nami nikaamini hivyo. Ningefanya nini? Nilijiambia, mtu ambaye hakufanya kitu hawezi kufungwa, na mzee wa miaka sabini akiingia ndani hatoki. Kila wiki nilisema wiki ijayo atatoka.

Kuna kitu kingine, na hiki ndicho kimenifanya nishindwe kuja kukuona. Umbali ni kisingizio. Bibi Mwajabu alikuwa jirani yetu kwa miezi miwili tu kabla ya yale mauaji, na nilipokuja kijijini alikuwa akipita kuomba chumvi au moto. Jina la baba hakulijua. Alikuwa akiniuliza, "Yule mwenye nembo yupo?" Mara ya kwanza sikumwelewa, akagusa paji lake la uso kwa kidole. Ile alama ya duara waliyochomwa wazee wetu utotoni, ambayo sisi kwa Kigogo tunaiita kwa jina jingine kabisa, yeye aliiita nembo. Nilicheka, nikasema yupo, mama.

Siku maelezo yake yaliposomwa mahakamani nilikuwa nimekaa benchi la tatu. Nilimsikia karani akisema "yule mwenye nembo", nikamwona wakili wa serikali akiinua kofia yako. Wewe ulitikisa kichwa. Mimi nilijua, Elisha. Katika chumba kile mimi peke yangu nilijua maana ya lile neno, na nilikaa kimya. Baba alikuwa kando yangu. Alinishika kiwiko, akakishikilia mpaka tukatoka nje.

Nilipotoka Kondoa nilimweleza kwamba Ikram amethibitisha. Nikamwambia, "Baba, sema sasa. Umeshakuwa mgonjwa, watakufanya nini?" Akavuta kofia yake chini. Akasema, "Hilda, niache nife nikiwa baba yenu." Hakusema tena chochote juu ya hilo. Siku za mwisho alikuwa akiita jina lako, nami najua ungependa nikuandikie kwamba alikuomba msamaha. Hakuomba. Aliita tu.

Sasa nakuomba, kiapo cha Ikram kinatosha. Wakili mwenyewe amesema mahakama haihitaji kujua ni nani, inahitaji tu kuona kwamba neno lile si kofia. Utatoka. Usilitaje jina la baba. Ameshazikwa, na wazee wa kanisa wamesoma wasifu wake vizuri. Watoto atakaowapata Lameck watabeba jina la ukoo huu. Ukilitaja, hutamfunga yeye. Utatufunga sisi.

Ikram aliniuliza, "Kwenu nani ana nembo?" Nikamjibu, "Wazee wengi." Si uongo. Ni wengi.

Nisamehe.

Hilda


Majengo, Dodoma
18 Desemba 2023

Mpendwa Elisha,

Sijapata jibu lako. Mchungaji anasema barua alikukabidhi mwenyewe, ukaisoma umesimama, ukaikunja, ukamwuliza kama ana sabuni.

Bi Yasinta amenipigia. Anasema rufaa imesikilizwa, majaji walimpokea Ikram vizuri, hukumu itatoka mwakani. Aliniuliza kama nina la kuongeza. Nikasema sina.

Mvua imeanza vizuri safari hii. Nimekodisha watu walime shamba letu la kijijini, karanga na alizeti, ili ukitoka ukute pa kuanzia. Chumba chako nimekipaka chokaa. Nimenunua godoro. Kaburi la baba tumelijengea saruji na msalaba. La mama nilikwenda kulitafuta, lakini pale pote pameota majani na mistari ya trekta haionekani tena. Nilichukua udongo mahali nilipodhani ni penyewe.

Niandikie hata mstari mmoja. Hata ukinitukana.

Dada yako,
Hilda


Babati
9 Aprili 2024

Dada Hilda,

Shikamoo. Salamu hii naiandika kwa sababu wewe ni mkubwa kwangu.

Nilitoka tarehe ishirini na sita Machi. Majaji walisema neno lile lina maana mbili, aliyelisema hayupo kueleza, na haikuwa haki kuchagua ile ya kunifunga. Walisoma kwa muda wa saa nzima, lakini hilo ndilo nililolishika. Mzee Mustapha nilimwacha ndani. Alinipa viatu vyake akasema yeye hana anakokwenda.

Dodoma nilifika Alhamisi mchana. Nilitembea kwa miguu mpaka Majengo. Nilisimama upande wa pili wa barabara, kwenye kivuli cha duka la mbolea, nikakuona. Ulikuwa unapima mtama kwa mama mmoja mwenye kilemba cha bluu. Ulipunguza, akalalamika, ukaongeza. Ukacheka naye. Umenenepa kidogo usoni. Nilikuwa nimepanga maneno ya kukuambia tangu gerezani. Nilikaa pale mpaka mama yule akaondoka na mwingine akaja. Kisha nikageuka, nikaenda kituoni, nikapanda basi la Kondoa.

Ikram nilimkuta mezani kwake. Sikuhitaji kujitambulisha, sura yangu aliijua kutoka mahakamani. Alinipa kigoda. Nikamshukuru kwa kiapo chake. Akasema, "Sikuapa kwa ajili yako. Niliapa kwa ajili ya neno la bibi yangu." Akaendelea kumenya maganda ya vitunguu. Baadaye akaniuliza, "Sasa ni nani?"

Nikamwambia. Nilitaja jina lote la baba, Bartolomayo, na la babu juu yake. Nikamweleza fimbo, maji ya kuoga, shati na homa. Kaburi la mama pia nilimweleza, si kwa kujitetea, ila kwa sababu ndivyo ilivyokuwa.

Akauliza, "Amekufa lini?"

"Septemba."

"Mlimwombea?"

"Mimi sikuwepo. Wanasema kanisa lilijaa."

Mteja akaja, Ikram akampimia, akamrudishia chenji. Kisha akasema, "Baba yangu tulimzika polisi wakitusubiri tumalize ili waondoke na gari lao lililoleta mwili. Hatukumaliza hata dua. Na bibi akamfuata siku ya tatu." Akaniangalia. "Dada yako alijua, alipokuja kunywa chai yangu?"

Nikasema alijua.

Hakulia wala hakunifukuza. Alitoa daftari lake, akalifungua kwenye ukurasa usio na kitu, akanipa kalamu. Akasema anataka jina liandikwe na mtu wa nyumba ile, ili siku watoto wake wakimuuliza babu yao aliuawa na nani, asiwajibu "mtu mwenye nembo". Nikaandika jina la baba kwa mkono wangu, na chini yake nikaandika kijiji chetu, na tarehe ile ya Novemba.

Uliniomba nisilitaje, na mimi nimelitaja. Wewe na Lameck mtaniona nimewafunga. Inawezekana. Miaka yangu ndani imeshapita, na sina nyingine ya kuwapa.

Nafanya kazi ya useremala hapa Babati, kwa mtu ambaye hajaniuliza nilijifunzia wapi. Shamba likiiva, vuna. Godoro mpe mtu.

Nilipomrudishia Ikram daftari lake, aliliangalia lile jina kwa muda. Kisha akaniuliza kama nina mahali pa kulala. Nikamwambia ninapo. Sikuwa napo.

Elisha